Namna ya Kumlea Konokono ili Gamba Lake Likue Vizuri

Wanaoanza kufuga konokono huuliza maswali yanayofanana, na mengi yanahusu gamba. Konokono wangu amekua, nimtafutie gamba kubwa zaidi? Huwa analivua lini? Likivunjika atahamia jingine? Majibu mafupi: usimtafutie, havui, na hawezi kuhama. Anayehama ni yule kaa mdogo wa baharini anayeokota magamba matupu ya konokono waliokufa na kujichomeka ndani. Konokono hakujichomeka popote. Gamba ni sehemu ya mwili wake kama ukucha ulivyo sehemu ya kidole, ila hili limebeba hadi moyo.

Mwongozo huu ni wa konokono wa nchi kavu. Wa majini nao hujenga gamba kwa njia ileile, lakini kalsiamu nyingi huipata kwenye maji yenyewe, kwa hiyo matunzo yao ni habari nyingine.

Gamba linakuaje

Nitaeleza kidogo tu, kwa sababu hatua zote za mbele zinategemea jambo hili.

Konokono huanguliwa akiwa na gamba tayari. Lile gamba dogo la kuzaliwa halitupwi. Linabaki kwenye ncha maisha yake yote, na kinachoongezeka kinaongezeka upande wa pili, kwenye mdomo wa gamba ambako mwili unatokea. Hapo ukingoni kuna pindo la nyama. Pindo hilo hutoa kwanza ngozi nyembamba ya protini, halafu chini ya ngozi hiyo hupanga fuwele za kalsiamu kaboneti, ambayo ndiyo zaidi ya asilimia 90 ya gamba zima. Ncha basi ndiyo sehemu kongwe, na ukingo umejengwa juzi au jana. Gamba halitanuki. Linarefushwa ukingoni kwa mzunguko, na kila mzunguko unakuwa mpana kuliko uliotangulia.

Hii ina maana kwamba kosa la matunzo la mwezi uliopita limeshaandikwa kwenye gamba na halifutiki. Unachoweza kukibadilisha ni kile kitakachojengwa kuanzia leo.

Ndani, mwili umeshikamana na gamba kwa msuli wenye nguvu uliojishikiza kwenye nguzo ya katikati. Moyo, pafu, figo na tezi ya kumeng'enya chakula vyote vimo humo kwenye mizunguko. Ukimvuta kwa nguvu atoke, umemuua.

Unachohitaji kabla ya kuanza

- Boksi la plastiki au tangi la kioo lenye kifuniko chenye matundu madogo. La urefu wa sentimita 40, upana 25 na kimo 25 linatosha konokono watatu au wanne wa ukubwa wa kati.
- Udongo usio na mbolea ya viwandani wala dawa, au nyuzi za nazi zilizosagwa.
- Kalsiamu: mfupa mweupe wa ngisi, au maganda ya mayai. Ukiwa na vyote viwili ni bora zaidi.
- Chupa ya kupulizia maji, na maji yaliyoachwa wazi usiku kucha ili klorini ipungue.
- Sahani mbili bapa, moja ya chakula na moja ya unga wa kalsiamu.
- Vipande vya gome la mti na majani makavu ya kujifichia.
- Karatasi za kupimia tindikali ya udongo, zile zinazobadilika rangi.
- Rula, uzi, na rangi ya kucha kidogo kwa ajili ya vipimo.

Hatua ya 1: Chagua konokono kwa kuangalia ukingo

Watu huangalia rangi na ukubwa. Wewe anza na ukingo. Mgeuze taratibu umwangalie kwenye mwanga. Kama ukingo ni mwembamba, unapitisha mwanga na ukiugusa kwa ncha ya kidole unabonyea kidogo, huyo bado anakua na ndiye utakayeona mabadiliko kwake. Kama umekunjika kwa nje na kuwa mnene, ameshakomaa. Konokono wa bustani wa Ulaya, *Cornu aspersum*, na ndugu yake mkubwa *Helix pomatia* humalizia gamba kwa mdomo wa namna hiyo, na baada ya hapo haliendelei tena hata umlishe nini.

Konokono wakubwa wa Afrika ni tofauti. *Lissachatina fulica*, ambaye asili yake ni Afrika Mashariki, hakunji mdomo. Akikomaa kasi inapungua na ukingo unanenepa, na gamba lake linaweza kufika sentimita 20. Ndugu yake wa Afrika Magharibi, *Achatina achatina*, humzidi: mmoja aliyeokotwa Sierra Leone mwaka 1976 alikuwa na gamba la sentimita 27.3.

Kagua pia mambo haya: gamba halina shimo, halibonyei mahali pengine zaidi ya ukingoni, na konokono anajikunyata anapoguswa. Epuka mwenye gamba lililochimbika vishimo vishimo kwenye mzunguko wa mwisho. Huyo amekuwa na njaa ya kalsiamu, au wenzake wamekuwa wakimkwangua.

*Onyo:* kabla ya kumchukua yeyote, ulizia sheria ya nchi ulipo. *Lissachatina fulica* ni mharibifu mkubwa wa mazao nje ya kwao, na Marekani, kwa mfano, inakataza kumwingiza. Popote ulipo, usimwachie nje konokono wa kufugwa, wala usitupe mayai yake kabla ya kuyagandisha kwenye friza.

Kuna jambo moja la pembeni ambalo wengi hawalioni mpaka waambiwe. Shika gamba ncha ikiwa juu na mdomo ukuelekee. Karibu mara zote mdomo utakuwa upande wako wa kulia. Wa kushoto ni nadra kweli. Mwaka 2016 alipatikana mmoja huko London, akaitwa Jeremy, na wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Nottingham wakaomba msaada duniani kote apatiwe mwenzi wa kushoto, kwa sababu gamba likigeuka, viungo vya uzazi navyo vinageuka upande, na kujamiiana na wa kulia kunakuwa shida. Watoto wa Jeremy waliopatikana mwishowe walikuwa wote wa kulia.

Hatua ya 2: Andaa makao

Tandaza udongo wa kina cha sentimita 8 kwa konokono wadogo, na kama 15 kwa wakubwa, kwa kuwa hupenda kujifukia na hutaga ndani ya udongo. Changanya konzi moja au mbili za unga wa maganda ya mayai kwenye udongo huo. Lowanisha mpaka ukiukamata mkononi unashikana, lakini maji hayachuruziki.

Pima tindikali. Unataka udongo uwe karibu na pH 7, au juu yake kidogo. Udongo wa kinamasi na mboji mbichi iliyooza nusu mara nyingi huwa na tindikali, na tindikali hula kalsiamu kaboneti. Konokono anayejifukia humo anaoga kwenye kitu kinachomla gamba polepole, hasa pale ambapo ngozi ya nje imeshabanduka.

Usiweke mawe, vigae wala mapambo magumu. Konokono hupanda hadi kwenye kifuniko, kisha huanguka. Akidondokea udongo laini hapati madhara, akidondokea jiwe gamba linapasuka. Kwa sababu hiyo mimi sipendi matangi marefu ya kwenda juu hata yakiwa ya kupendeza kiasi gani. Boksi pana na fupi ndilo salama.

Hatua ya 3: Weka kalsiamu, na iwe ya aina inayofaa

Hapa ndipo wengi wanapokosea, kwa hiyo soma polepole.

*Mfupa wa ngisi.* Uweke juu ya udongo mzima mzima, upande laini ukiwa juu. Konokono ana ulimi wenye maelfu ya vijino, na atakwangua mwenyewe kadiri anavyohitaji. Kukiwa kimya usiku utasikia sauti ya kukwaruza. Ukipatikana ufukweni, uloweke kwenye maji matamu siku mbili tatu ukibadilisha maji, mpaka ukiulamba hauna chumvi. Chumvi humuua konokono.

*Maganda ya mayai.* Karibu asilimia 95 yake ni kalsiamu kaboneti. Yaoshe, yachemshe dakika kumi, yaanike yakauke kabisa, kisha yasage mpaka yawe unga laini. Vipande vikubwa vyenye ncha havifai, maana hawavili na vinakwaruza mwili. Weka unga kwenye sahani yake ya kudumu, na nyunyiza kidogo juu ya chakula mara mbili au tatu kwa wiki.

*Chokaa ya kilimo.* Inafaa ikiwa ni mawe ya chokaa yaliyosagwa tu, yaani kalsiamu kaboneti tupu. Isome kwenye mfuko. Chokaa iliyochomwa au iliyozimwa kwa maji, ile ya kupaka kuta na kujengea, ni kitu kingine kabisa: inaunguza. Mwili wa konokono ni ute na nyama laini, na chokaa ya namna hiyo itambabua.

*Chaki za ubaoni.* Kila anayeanza huja na chaki. Nyingi si kalsiamu kaboneti bali ni jasi, na jasi haina faida unayoitafuta. Kuna jaribio rahisi: dondoshea tone la siki kwenye kipande, mbali na konokono. Kikichemka na kutoa mapovu, kina kaboneti. Kikikaa kimya, kitupe. Hata kikitoa povu, chaki ya rangi usitumie.

Usiogope kuzidisha. Sahani ya kalsiamu iwe wazi muda wote, atakula akitaka. Konokono huweza pia kunyonya kalsiamu kiasi kupitia unyayo anapotambaa juu yake, ndiyo sababu nimekwambia uichanganye na udongo badala ya kutegemea sahani peke yake.

*Kosa la kawaida:* kungoja mpaka gamba liharibike ndipo kalsiamu itafutwe. Kufikia hapo sehemu mbovu imeshajengwa. Kalsiamu iwepo kabla konokono hajaingia kwenye boksi.

Hatua ya 4: Mlishe chakula kinachojenga

Kila jioni mpe majani na mboga zilizooshwa: saladi, kabichi, tango, boga, karoti, majani ya magugu ambayo hayajapigwa dawa. Ondoa mabaki asubuhi. Tango wanalipenda sana, lakini ni maji tu, lisiwe chakula cha kila siku.

Mchicha na spinachi vina oksalati, ambayo hushikamana na kalsiamu na kuizuia isitumike. Mara moja moja si neno.

Protini husahaulika. Fuwele za kalsiamu hupangwa juu ya protini, na konokono asiye na protini atakuwa na ukingo dhaifu hata kama amezungukwa na mifupa ya ngisi. Mara moja kwa wiki mpe kipimo cha kijiko kidogo cha chakula cha samaki wa mapambo, au kamba wadogo waliokaushwa bila chumvi, wakiwa wamelowekwa. Ondoa kilichobaki mapema, kinanuka haraka.

Usimpe chochote chenye chumvi, viungo au mafuta. Matunda yenye uchachu mkali, kama ndimu na limau, nayo achana nayo.

Hatua ya 5: Linda unyevu na joto

Gamba hukua pale tu konokono anapokuwa macho, anakula na anatambaa. Boksi likikauka, anajivuta ndani, anafunga mdomo wa gamba kwa utando wa ute uliokauka na kusubiri. Hafi, ila hakui. Pulizia maji jioni, kuta zote zipate umande mwepesi. Asubuhi udongo uwe na unyevu, si tope. Maji yakituama chini umezidisha.

Kwa spishi nyingi nyuzi 18 hadi 25 za selsiasi zinafaa. Wale wakubwa wa nchi za joto wapewe nyuzi 23 hadi 28. Boksi lisipigwe na jua hata kwa nusu saa: kioo kinakusanya joto, na konokono hana pa kukimbilia.

Kila akisimama kukua na kuanza tena, huacha mstari au kijituta kwenye gamba, sambamba na ukingo. Ndiyo maana huwezi kuhesabu mistari ukajua umri wake. Mstari ni kumbukumbu ya kusimama, na anaweza kusimama mara kadhaa ndani ya mwaka mmoja kwa sababu ya ukame, baridi au njaa.

Uwezo wao wa kusubiri ndani ya gamba ni wa kustaajabisha. Mwaka 1846 gamba la konokono wa jangwani lililotoka Misri lilibandikwa kwa gundi kwenye kadi ya maonyesho katika British Museum, London, kila mtu akidhani ni tupu. Mwaka 1850 mtu akaona alama za ute kwenye kadi. Wakaliweka kwenye maji ya uvuguvugu, na konokono akatoka, mzima. Usilichukue hilo kuwa ruhusa ya kumsahau wa kwako. Huyo alikuwa wa jangwani.

Hatua ya 6: Mshike bila kuvunja ukingo

Majeraha mengi ninayoulizwa hayatokani na kuanguka, yanatokana na mikono. Fuata utaratibu huu:

1. Nawa mikono kwa maji, suuza sabuni yote, na iache mibichi. Mikono mikavu inanyonya ute wake.
2. Kama amejibandika kwenye kioo, usimng'oe kwa kuvuta gamba. Ukivuta, msuli unanyooka, pindo la nyama linaweza kuchanika kutoka kwenye ukingo, na hilo ni jeraha baya kuliko gamba lililopasuka.
3. Dondoshea maji mbele ya kichwa chake, kisha pitisha kidole kibichi chini ya unyayo kuanzia mbele. Ataachia mwenyewe na kupanda mkononi.
4. Ukilazimika kushika gamba, shika nyuma, kwenye mizunguko ya zamani. Kidole kisifike kabisa kwenye ukingo.
5. Kaa chini sakafuni au shika juu ya kitambaa kilichokunjwa. Kimo cha mtu aliyesimama kinatosha kumvunja.
6. Ukimaliza, nawa kwa sabuni. Konokono, hasa wa kuokotwa porini, huweza kubeba vimelea vya *Angiostrongylus cantonensis*, minyoo ya mapafu ya panya, inayoweza kumdhuru binadamu ubongoni. Watoto wasimamiwe, na mtu asile huku akimchezea.

Akiwa na ukingo mpya, yaani unaona utepe mwembamba wa rangi iliyopauka mbele ya gamba la kawaida, muache kabisa. Utepe huo unavunjika kwa kuguswa tu. Mpe siku kadhaa ugande.

Hatua ya 7: Weka alama na upime

Bila vipimo utabaki kubahatisha. Akiwa amelala na amejivuta ndani, futa sehemu ndogo ya gamba ikauke. Weka tone dogo la rangi ya kucha sentimita moja nyuma ya ukingo, na jingine nyuma zaidi. Lisiguse nyama. Mwache nje ya boksi dakika chache, hadi rangi ikauke na harufu iishe.

Kila baada ya wiki mbili chukua uzi, ulaze juu ya gamba kufuata mviringo kutoka tone la kwanza hadi ukingoni, kisha upime uzi kwa rula. Andika. Pima pia umbali kati ya tone na tone. Utaona kipimo cha kwanza kinaongezeka wakati cha pili kinabaki vilevile, na hapo hutahitaji tena kuambiwa kwamba gamba halitanuki.

Konokono mchanga aliyetunzwa vizuri ataonyesha tofauti ndani ya wiki hizo mbili. Aliyekomaa hataonyesha kitu, na hilo si ugonjwa.

Hatua ya 8: Watoto wakianguliwa

Usiwafukue. Watoto hubaki chini ya udongo siku kadhaa, na chakula chao cha kwanza ni maganda ya mayai waliyotokamo, yenye kalsiamu ya kuimarisha magamba yao. Ukiwaokota mapema na kuwahamishia kwenye sahani safi umewanyima mlo huo. Wakijitokeza wenyewe, wape majani laini yaliyonyunyiziwa unga wa kalsiamu kila siku. Usiwashike kwa vidole, magamba yao yanapondeka. Waache wapande kwenye jani, uhamishe jani.

Usibaki na wote. Msongamano huwadumaza, na wakishadumaa utotoni hawafidii baadaye.

Matatizo na namna ya kuyashughulikia

*Gamba limepasuka au limetoboka.* Swali la kwanza: nyama ya ndani iko salama? Ufa tu, au shimo ambalo chini yake unaona utando mzima usiochanika, vinapona. Konokono huziba kutokea ndani. Kwanza huweka filamu nyembamba inayong'aa, kisha anaiimarisha kwa kalsiamu kwa wiki kadhaa. Kiraka kitakuwa cheupe na chenye kukwaruza, hakitapata rangi wala ngozi ya nje tena. Fanya hivi:

1. Mtenge kwenye boksi dogo lililotandikwa karatasi laini nyeupe iliyoloweshwa, bila udongo.
2. Suuza uchafu kwa maji ya kawaida. Ondoa vipande vilivyolegea kabisa. Vilivyoshikamana na nyama viache.
3. Kama kuna shimo, chukua ule utando wa ndani wa ganda la yai, uuoshe, uukate uzidi shimo kidogo, uubandike ukiwa mbichi. Utajishika ukikauka.
4. Weka kalsiamu na chakula karibu naye. Puliza kuta, usipulize jeraha.
5. Usimguse. Badilisha karatasi tu kila siku.

Gundi ya papo hapo usitumie. Najua watu wanaitumia, na wapo wanaosema imewasaidia, lakini ikipenya ufa ikafika kwenye nyama unampoteza. Utando wa yai unatosha.

Kama vipande vimezama ndani ya mwili, au pindo la nyama limechanika na kuning'inia, uwezekano wa kupona ni mdogo. Mpeleke kwa daktari wa mifugo ukimpata anayewajua wanyama hawa.

*Ncha imevunjika.* Mara nyingi si hatari kwa konokono mkubwa, kwa kuwa mwili wake umeshasogea mbele na ncha huwa imezibwa kwa ndani. Chunguza tu kama kuna majimaji yanayovuja.

*Gamba linapauka na kubanduka.* Hiyo ni ngozi ya nje inayochakaa. Kwa mzee, na hasa kwenye ncha, ni kawaida. Kwa mchanga, pima tindikali ya udongo. Kupaka mafuta ili ling'ae hakuzuii chochote na kunakusanya uchafu.

*Konokono wanakwanguana magamba.* Wanaiba kalsiamu. Weka zaidi, weka sehemu mbili tofauti ili wasigombanie, na ongeza protini. Aliyechimbika sana mtenge.

*Ukingo mpya unakua umepinda au una mawimbi.* Kuna kitu kiliugusa ungali laini: umeshikwa vibaya, umegonga kifuniko, au pindo lilijeruhiwa. Kilichoharibika hakinyooki, lakini akiachwa atulie, sehemu inayofuata mara nyingi hurudi sawa.

*Hakui kabisa.* Pitia kwa mpangilio: ameshakomaa? Boksi kavu? Baridi? Wamesongamana? Anakula mboga bila protini? Kwa kawaida jibu liko kwenye mawili ya mwanzo.

*Amejivuta ndani na hatoki.* Kama mdomo umezibwa kwa utando mkavu, amelala. Muogeshe kwa maji ya vuguvugu, kina kisizidi milimita chache, na usubiri hadi nusu saa. Usitoboe utando. Kama mdomo uko wazi, mwili umelegea, haujikunyati ukiguswa na kuna harufu ya uvundo, amekufa. Mtoe siku hiyohiyo kabla wengine hawajamkaribia. Gamba lake, ikiwa hakuwa mgonjwa, lisafishe, lichemshe, likaushe na ulisage, kisha ulitie kwenye sahani ya kalsiamu ya waliobaki.